UZI: Mamalia wadogo wala majani walioishi na dinosaria, na kataya kamoja kalikotoka Songwe

Mchokonoa Mawe:

Wakuu salaam.

Kuna hii stori tumekaririshwa tangu shule na kwenye dokumentari za tivii, kwamba enzi za dinosaria mamalia walikuwa viumbe fulani vimejificha mashimoni, vinatoka usiku kula panzi na mende, vinangoja kimondo kishuke wakubwa wafe ndo vipate nafasi. Nusu ya hiyo stori ni chai. Walikuwepo mamalia waliojikita kabisa kwenye majani, mbegu, mizizi na matunda, meno yao yamebadilika kwa kazi hiyo hiyo, mamilioni ya miaka kabla kimondo hakijafika. Na kundi moja lao lilidumu duniani zaidi ya miaka milioni 100, wakati jamii ya panya unaowaona leo ina kama milioni 56 tu kwenye rekodi ya visukuku (mabaki ya viumbe yaliyogeuka mawe). Yani hao panya wetu wanaotusumbua stoo hawajafika hata robo tatu ya mda wa hao jamaa.

Kinachoniuma ni kwamba mmoja wa hao wala majani amechimbwa hapa hapa Tanzania, bonde la Rukwa upande wa Songwe, ana jina kamili la kisayansi, na mtaani hakuna anayemjua. Kila mtu anamjua yule dinosaria jitu wa Tendaguru kule Lindi, aliyesimama makumbusho ya Berlin na shingo yake mita 13 juu. Huyu wa Songwe kipande chake cha taya hakifiki hata sentimita mbili, nani atahangaika nae.

Nitashusha kidogo kidogo, naomba mnivumilie maana naandikia simu.

Tuanze na wale walioenea sana, wataalamu wanawaita multituberkulata. Ukimwona kwa mbali ungesema panya, meno mawili makubwa ya mbele, hana chonge, alafu kuna pengo, alafu magego. Lakini sio panya na hana undugu wa karibu na panya, tawi lake lilishajitenga zamani na halikuacha mtoto hata mmoja hai leo. Jina wamepewa kwa sababu ya magego yao, gego moja lina vinundu vingi vimepangwa kwa safu mbili au tatu ndefu, safu za juu zinaingia katikati ya safu za chini. Na walikuwa wanatafuna kwa kuvuta taya la chini kurudi nyuma. Sisi tunatafuna kwa kupeleka taya pembeni, ng'ombe pia, panya anasukuma mbele. Hawa walikuwa wanavuta nyuma, ilijulikana kwa kuangalia mikwaruzo iliyobaki kwenye meno yenyewe.

Wengi wao walikuwa na kitu kingine, gego moja dogo la chini limegeuka kuwa kisu kirefu kimesimama wima na ukingo wake una meno meno kama msumeno wa fundi seremala. Kwaiyo anakata kwanza kwa kile kisu, mbegu ngumu au shina, ndo anapeleka nyuma kwenye vinundu kusaga. Huyo ndo mnakwambia alikuwa anangoja panzi?

Wa mwanzo mwanzo waliojulikana vizuri ni Rugosodon wa China, alitangazwa 2013, wa miaka milioni 160 hivi, uzito kama gramu 80, na huyo alikuwa bado anakula mchanganyiko, wadudu na majani. Baadae ndo wakazidi kuegemea mimea.

Naendelea...

Chai Rangi:

Nimeweka kiti hapa mbele. Mkuu usituache njiani kama yule jamaa wa uzi wa majini wa Tanga, mpaka leo tunamsubiri

Radi ya Mchana:

Mtu hajui hata mwaka aliozaliwa babu yake ila anajua panya alikufa miaka milioni 160 iliyopita na alikuwa na gramu 80, si gramu 85 wala 75. Sawa bwana

Mchokonoa Mawe:

@Radi ya Mchana umeuliza kwa kejeli ila swali lako ni zuri, acha nilijibu kabla sijaendelea.

Uzito unakadiriwa kutokana na mifupa, mamalia walio hai wanajulikana mguu wa unene fulani unabeba mwili wa kilo ngapi, wanapiga hesabu kurudi nyuma. Ndo maana nikasema "kama". Kuhusu miaka, mifupa yenyewe haipimwi, yanapimwa majivu ya volkano yaliyolala juu na chini yake. Kwenye hayo majivu kuna vipunje vya madini yanaitwa zirkoni, na ndani ya zirkoni kuna urani ambayo inageuka kuwa madini ya risasi kwa mwendo unaojulikana, haikimbii wala haichelewi. Unapima urani imebaki kiasi gani na risasi imezaliwa kiasi gani, unapata umri. Pakikosekana majivu mazuri inabidi watumie njia zingine na umri unabaki na upana, kwa mfano huyu wetu wa Songwe nitakayemfikia, kule wametumia zirkoni zilizokuja na mchanga wenyewe pamoja na alama za usumaku wa dunia kwenye miamba, kwaiyo wanampa dirisha pana tu, kati ya milioni 100 na milioni 66 kwa kusema bila kujibana.

Babu yangu kweli sijui mwaka wake. Angelala kwenye majivu ya volkano tungejua.

Radi ya Mchana:

Hahaha haya endelea bwana

Mwalimu wa Zamu:

Hapo kwenye meno naomba kuongezea kidogo kwa faida ya vijana. Kwanini kila siku mnasikia meno, meno, taya, meno? Kwa sababu jino ndo kitu kigumu kuliko vyote mwilini, mnyama mdogo akifa mifupa yake ni laini inavunjwa, inaliwa, inaoza, ila jino linabaki. Mamalia wengi wa enzi hizo wanajulikana kwa meno peke yake. Na hayaokotwi kwa macho, wanachukua udongo magunia kwa magunia, wanauosha na kuuchekecha kwenye wavu mdogo, alafu mtu anakaa na lenzi anachambua punje baada ya punje. Kazi ya kuchambua mchele hiyo, usiifanyie mzaha.

dada_Sabra:

Swali la mtu asiyejua: mnajuaje kwamba alikula majani na sio nyama kwa kuangalia jino tu?

Mchokonoa Mawe:

@dada_Sabra swali lako ndo moyo wa huu uzi.

Mla nyama jino lake ni rahisi, kisu tu, kilele kimoja viwili basi. Anayekula majani na mashina anahitaji uso wa jino wenye vilima na mabonde mengi maana majani ni magumu kumeng'enya, lazima yasagwe sana. Hii sio dhana, kwa wanyama walio hai ukipima jino kwa kompyuta ukahesabu limegawanyika nyuso ngapi zinazotazama pande tofauti, mla nyama anapata namba ndogo, mla wadudu ya kati, mla majani namba kubwa kabisa.

Sasa mwaka 2012 jamaa mmoja wa Marekani Gregory Wilson na wenzake wakachukua meno ya multituberkulata wa vipindi tofauti wakayaskani na kuyapima hivyo hivyo, wakatoa kwenye jarida la Nature. Walichokuta ni kwamba kuanzia kama miaka milioni 20 kabla ya dinosaria kutoweka, meno ya hawa jamaa yanazidi kuwa na nyuso nyingi, miili inazidi kukua, aina zinaongezeka. Yani walikuwa wanapanda chati dinosaria wakiwa bado wamejaa kila kona, tirano (yule dinosaria mla nyama mkubwa, T. rex) akiwa bado hajazaliwa mpaka akazaliwa mpaka akafa, wao wanapanda tu. Sababu inayotajwa ni mimea ya maua. Mwanzoni huko Jurasi, kipindi cha katikati cha dinosaria, dunia ilikuwa ya misonobari, mikangaga na ile mimea inayofanana na minazi mifupi, hakuna ua hata moja unalolijua. Kwenye Kretasia, kipindi chao cha mwisho, mimea ya maua ikaja ikaenea, ikaleta matunda, mbegu, majani laini. Meza ikapanuka na hawa wakakaa mezani.

Kwaiyo stori ya "waliongoja dinosaria wafe" kwa hawa haisimami kabisa.

Kiparangoto:

Mkuu ila walikuwa wanaishi kwa hofu au sio? Maana mimi nikiwa gramu 80 na nje kuna tirano sitoki mpaka harusi ya mtoto

Mchokonoa Mawe:

Tirano angekula wewe wa gramu 80 akashiba nini? Adui zako wangekuwa wengine, mijusi wakubwa, nyoka, vidinosaria vidogo vyenye mbio, mamba, na hata mamalia wenzako wala nyama.

Na kujificha walijificha ndiyo, ila sio kila mtu peke yake kwenye shimo lake anatetemeka. Kule Montana Marekani kuna sehemu inaitwa Egg Mountain, maarufu kwa viota na mayai ya dinosaria. Mlemle wakakuta multituberkulata mdogo wakampa jina Filikomys, wa miaka milioni 75.5. Kilichowashangaza ni jinsi walivyolala, wawili watatu mpaka watano pamoja, wakubwa na vijana kwenye kundi moja, jumla yao wasiopungua 22, na mifupa ya bega na kiwiko inaonyesha walikuwa wachimbaji. Hawakusombwa na maji wakarundikana, wamelala walipofia, kwenye mashimo yao. Yani familia au ukoo unaishi pamoja kwenye shimo moja, huku juu dinosaria anatotolesha mayai. Hiyo ilitoka 2020. Kabla ya hapo watu walidhani mamalia kuishi kijamaa hivyo ni jambo la baada ya dinosaria.

Kuna kingine nakipenda sana. Mwaka 2010 Nicholas Longrich na Michael Ryan walitoa ripoti ya mifupa ya dinosaria kutoka Alberta, Kanada, ya milioni 75 hivi, ina alama za kung'atwa. Alama ziko mbili mbili, jozi za meno ya mbele, na saizi na mpangilio wake unamwelekea multituberkulata. Hawakuwa wanamla dinosaria, mifupa ilikuwa mikavu, walikuwa wanaguguna kwa ajili ya madini, kama nungunungu anavyofanya leo porini, waulize maaskari wa wanyamapori watakwambia nungu anaguguna mifupa na pembe. Kwaiyo fikiria, dinosaria amekufa, amebaki mifupa, anakuja jamaa mdogo anajipatia kalsiamu zake anaondoka.

Bibi Shamba:

Mwanangu nimesoma yote. Sasa huyo wa Songwe yuko wapi, umetuahidi tangu asubuhi

mtu_wa_Vwawa:

Naunga mkono bibi. Sisi wenyeji tumekaa hapa tunasubiri kusikia habari zetu na wewe uko Kanada

Mchokonoa Mawe:

Shikamoo bibi. Haya sasa Songwe.

Ila kwanza muelewe kitu kimoja. Hao multituberkulata ni watu wa kaskazini, Asia, Ulaya, Amerika Kaskazini, ndo wamejaa huko. Kusini, maana yake Afrika, Amerika Kusini, Madagaska, India, Antaktika, enzi hizo zilikuwa zimeungana au ndo zinaachana, bara kubwa linaitwa Gondwana. Kusini huku wala majani wadogo walikuwa kundi lingine, wanaitwa gondwanatheri. Jino la kwanza kueleweka lilitoka Patagonia, Argentina, mnyama akaitwa Sudamerica, miaka ya 1980. Magego yake ni marefu kama ya sungura. Watu wengine wakafikiri ni ndugu wa wale slothi (wanyama wavivu) na kakakuona wa Amerika Kusini, baadae ikaonekana hapana.

Mwaka 2002 timu ya mradi wa bonde la ufa la Rukwa, iliyoongozwa na Patrick O'Connor, wakati huo wa Chuo Kikuu cha Ohio, wakifanya kazi na Watanzania, wakaokota kwenye miamba myekundu ya Galula kipande cha taya la chini la kushoto. Kadogo, chini ya sentimita mbili. Mwaka uliofuata wakakaripoti, wakasema kanafanana na gondwanatheri, ila meno yalikuwa yamejificha ndani ya mfupa na yameharibika juu, hawakuthubutu kukapa jina. Kakakaa hivyo hivyo miaka na miaka, mpaka teknolojia ya kuskani vitu vidogo kwa eksirei ikawa nzuri, wakakaingiza kwenye mashine wakaona ndani ya mfupa bila kuuvunja. 2019 jina likatoka: Galulatherium jenkinsi.

Na walichokiona ndani ndo kinanifanya niandike huu uzi. Jino la mbele kubwa limelala kuelekea mbele, na magego nyuma yake yako kama nguzo, yote yanaota maisha yote, na hayana enameli, lile ganda gumu la nje ya jino. Narudia, hayana enameli. Hakuna mamalia mwingine wa enzi za dinosaria aliyejulikana akiwa na mpangilio huo wa meno. Leo ukitaka kuona mfano inabidi uende kwa slothi, yule mnyama mvivu wa Amerika Kusini, au kwa muhanga wetu hapa hapa, yule wa kuchimba vichuguu, meno yake nae hayana enameli na yanaota mda wote. Muhanga ni mla mchwa lakini, kwaiyo msije mkasema Galulatherium alikula mchwa. Saizi ya panya tu, na kwa jinsi taya lilivyo fupi na nene anaonekana alikuwa anasaga kitu, mmea.

Daktari wa Vitunguu:

Jino bila enameli si linaisha upesi? Mi nikila mihogo mikavu tu jino linalia

Mchokonoa Mawe:

Linaisha ndiyo, ndo maana linaota mda wote. Linaisha juu linasukumwa kutoka chini. Ni mfumo wa gharama kidogo ila unakuondolea shida ya kuishiwa meno uzeeni.

Mwalimu wa Zamu:

Niongezee hapo hapo Galula maana watu wakisikia Galula wanadhani ni kataya hako tu. Kwenye miamba hiyo hiyo ya Rukwa imetoka mamba mmoja anaitwa Pakasuchus kapilimai, alitangazwa 2010 kwenye Nature, saizi ya paka wa nyumbani, na meno yake ya nyuma yanafanana na magego ya mamalia kabisa, anakata na kusaga. Mamba! Jina la pili ni la heshima kwa marehemu Profesa Saidi Kapilima wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Kisha kuna madinosaria wakubwa wala majani, Rukwatitan 2014, Shingopana 2017, na Mnyamawamtuka moyowamkia 2019, jina Kiswahili kitupu, mfupa mmoja wa mkia una umbo la moyo.

Hapo kwa Pakasuchus ndo pana mjadala. Kusini huku inaonekana kazi zingine ambazo kaskazini zilifanywa na mamalia wadogo, huku zilikuwa zinafanywa na mamba wadogo. Kwaiyo Galulatherium hakuwa anashindana na mamalia wenzake tu, alikuwa na mamba wa nchi kavu saizi ya paka mtaani kwake.

mtu_wa_Vwawa:

Sasa nimeelewa kwanini mkoa wetu una kimondo pia. Kimondo cha Mbozi ndo kiliwamaliza hawa wote, ushahidi upo, njooni muone, kiingilio mnajua

Mchokonoa Mawe:

Hahaha mkuu biashara ya utalii naiunga mkono ila hapana. Kimondo cha Mbozi kina urefu wa mita tatu hivi na tani kama 16, hata Vwawa nzima ungekuta imesimama. Kile cha dinosaria kilikuwa na upana wa kama kilomita 10, kikaanguka Chicxulub, Meksiko, miaka milioni 66 iliyopita. Baba na mwana, Luis na Walter Alvarez, na wenzao ndo waliokuja na hoja 1980, baada ya kukuta tabaka jembamba la udongo lenye madini ya iridi, ambayo ni adimu ardhini ila yapo kwenye vimondo, mengi kupita kawaida.

Chai Rangi:

Na walikufa wote siku hiyo hao wadogo?

Mchokonoa Mawe:

Hapana, na hapa ndo hesabu inachekesha. Multituberkulata walipata pigo kubwa, aina nyingi zikaisha, ila kundi likavuka. Baada ya hapo wakakua kuliko walivyowahi, yupo mmoja anaitwa Taeniolabis wa Amerika Kaskazini aliyefika makumi ya kilo. Mwingine Ptilodus aliishi juu ya miti, kifundo chake cha mguu kinageuka akashuka mti kichwa chini kama kindi, hiyo waliionyesha Farish Jenkins na David Krause mwaka 1983. Jenkins huyo ndo Galulatherium jenkinsi kapewa jina lake, na Krause ndo huyo huyo amehusika na kataya ketu tangu 2003. Dunia ya hawa watu ni ndogo sana, ukisoma paper tano unakutana na majina yale yale.

Walikuja kuisha taratibu, wa mwisho wanapotea kama miaka milioni 35 iliyopita. Maelezo ya siku zote ni kwamba panya walipotokea waliwanyang'anya chakula, na kweli Amerika Kaskazini wanaanza kupungua panya wakishaingia. Mimi binafsi naona panya anabebeshwa mzigo mkubwa mno, hali ya hewa nayo ilikuwa inabadilika. Ila nakubali panya ana mkono wake.

dada_Sabra:

Na hawa wa kusini walipatikana wazima au ni mataya tu? Maana mpaka sasa umetupa taya moja na jino

Mchokonoa Mawe:

Miaka mingi ilikuwa meno tu na vipande vya taya, mpaka Madagaska ikafungua mdomo. Huyo Krause na wenzake wamechimba kule kaskazini magharibi ya kisiwa, jiwe la Maevarano, tangu miaka ya 1990. Kwanza wakapata meno ya mmoja wakamwita Lavanify, 1997.

Alafu 2010 kijana wao Joseph Sertich akachukua bonge la jiwe lenye visukuku vya samaki. Wakaliingiza kwenye mashine ya kuskani, hawatafuti mamalia kabisa, ghafla kwenye skrini wanaona fuvu limekaa ndani ya jiwe linawaangalia. Fuvu zima, sentimita 12 na nusu hivi. Wakamwita Vintana, 2014. Walimkadiria kilo 9, enzi hizo kwa mamalia hiyo ni miraba minne. Macho makubwa, na pembeni ya fuvu kuna mifupa imeshuka chini kama mapazia ambayo misuli ya kutafunia ilishikilia. Hiyo misuli haikuwa ya kutafuna mchwa.

2020 wakaleta mwili sasa, Adalatherium, mifupa karibu yote imelala kwenye mpangilio wake, kwa gondwanatheri hakuna mwingine hivyo. Kilo 3.1 na bado alikuwa hajamaliza kukua. Huyu kila ukimwangalia anakuchanganya, miguu ya mbele imesimama chini ya mwili kama mamalia wa leo, ya nyuma imetawanyika pembeni kimjusi mjusi, pingili za mgongo nyingi kuliko karibu mamalia wote wa enzi zake, na puani ana tundu la ziada juu. Alikuwa mchimbaji. Wenyewe wanasema sababu ni kisiwa, Madagaska ilikuwa imeachana na India kama miaka milioni 88 iliyopita, kwaiyo mababu zake walikaa peke yao zaidi ya miaka milioni 20 wakijibadilisha wanavyojua wao. Nje kulikuwa na Majungasaurus, dinosaria mla nyama mkubwa, na chura mmoja mkubwa ajabu.

Kiparangoto:

Chura??

Mchokonoa Mawe:

Beelzebufo. Huyo ana uzi wake, usinitoe kwenye reli

Bibi Shamba:

Na hayo majani waliyokula ni majani gani, nyasi hizi zetu?

Mchokonoa Mawe:

Bibi umegusa penyewe. Zamani ilifikiriwa nyasi zilikuja baada ya dinosaria. Mwaka 2005 watafiti wakachambua kinyesi cha dinosaria kilichogeuka jiwe kule India, cha mwisho mwisho wa Kretasia, wakakuta vipunje vidogo vya silika ambavyo nyasi pekee huvitengeneza. Kwaiyo nyasi zilikuwepo. Na silika ndo inakwaruza meno, ng'ombe na farasi wana magego marefu kwa sababu hiyo. Wale wale watafiti wakasema basi hata gondwanatheri wenye magego marefu, na India walikuwepo, huenda walikuwa wanakula nyasi. Mimi naikubali kwa wa India na Patagonia. Kwa Galulatherium nasita, maana mla nyasi bila enameli sijui angejenga jino kwa kasi gani, naona kwake mizizi na vitu laini vina mantiki zaidi, udongo unaoingia na mizizi nao unakwaruza.

Radi ya Mchana:

Mimi nimekuja kukejeli nimekaa mpaka mwisho. Tendaguru nako hakuna hivi vidogo? Maana wale walichimba miaka yote ile

Mwalimu wa Zamu:

Vipo. Wajerumani walichimba 1909 mpaka 1913, zaidi ya tani 200 za mifupa zikabebwa kwa vichwa na mabega ya watu wetu mpaka Lindi, msimamizi wao mkuu akiwa Boheti bin Amrani, jina ambalo lingepaswa kuwa kwenye vitabu vya shule. Ila kwenye mzigo wote huo cha mamalia kilichotajwa mapema ni taya moja dogo halina hata jino, 1927. Meno ya mla mimea yalikuja kuelezwa na Mjerumani Heinrich mwaka 1999, mnyama anaitwa sasa Allostaffia, wa miaka milioni 150 hivi, anawekwa kwenye kundi la haramiyida, kundi la kale sana la jamii ya mamalia. Ndugu zao wa China, mwaka 2017 walitangazwa wawili, Maiopatagium na Vilevolodon, ngozi ya kupaa imeonekana kabisa kwenye jiwe, walikuwa wanarukaruka kutoka mti hadi mti wanakula mimea, na hapo maua bado. Wa kwetu tuna magego tu, kama alipaa au alitambaa, magego hayasemi.

mtu_wa_Vwawa:

Serious sasa. Huku Galula watu wanalima, wanachimba msingi, mifupa ya jiwe inaonekana onekana. Mtu akikuta afanyeje, kuna hela?

Mchokonoa Mawe:

Mkuu usichimbe na usiuze. Visukuku viko chini ya Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964, kuchimba bila kibali ni kosa, na kusafirisha nje ni kosa kubwa zaidi. Piga picha kiwe palepale kilipo, weka kalamu au shilingi pembeni ionekane saizi, kumbuka sehemu, alafu toa taarifa ofisi ya kijiji au kwa afisa utamaduni wa wilaya ifike Idara ya Mambo ya Kale. Ukiking'oa umekiua nusu, maana tabaka lilipolala ndo linatoa umri.

Na usiangalie mikubwa tu. Mfupa mkubwa hata ng'ombe wako atajikwaa ataugundua. Mvua ikishapita pitia kingo za makorongo ya mawe mekundu, inama. Galulatherium bado anajulikana kwa taya moja tu duniani, la kushoto. Hata undugu wake na wale wa Madagaska wenyewe waandishi wameuacha na alama ya kuuliza, kwa sababu gego lenye sura yake ya juu nzima halijapatikana. Likipatikana fuvu au hata taya la kulia lenye meno mazima, hiyo alama inaondoka.

mtu_wa_Vwawa:

Korongo la nyuma ya shamba la baba mkubwa ni jekundu lote. Jumamosi naenda na watoto, nitaleta picha

Chai Rangi:

Uweke na shilingi pembeni, usije ukatuletea fupa la mbuzi wa sikukuu